Mtu Niliyemtunga kwa Kilio

Mwaka nilioondoka kwenda Ulaya ni ule ambao watu wa Tukuyu waliacha kung'ata ndizi mbivu kwenye chai. Miaka ya shida sukari haikuwepo, na sisi tunaolima chai hatuwezi kukaa bila kunywa chai. Basi unamimina kikombe, unashika ndizi mkono wa kushoto, unang'ata, unapiga funda, ndiyo sukari yenyewe hiyo. Halafu ikaja ruksa, serikali ikaachia biashara, na maduka yakajaa. Mama yangu alimimina sukari mpaka kijiko kikasimama, akaonja, akasema hii siyo chai, ni dawa ya kikohozi, kisha akaongeza kijiko kingine. Mkate wa siagi ya kopo ukaanza kuliwa hata siku isiyo ya Krismasi. Tambi tulizipika kama mboga tukazila na ugali, hakuna aliyekuja kutukataza. Mwaka huo ndio nilipanda ndege. Tarakimu msiniulize.

Nawaandikia nyinyi wajukuu zangu, na wenzenu wote mnaoimba kwenye kompyuta kule Mbeya halafu mnapanda mpaka kwangu Ikuti na simu mkononi, mnataka bibi aimbe kidogo. Mmesikia kwamba niliimba Ulaya. Niliimba. Picha yangu ilibandikwa kwenye kuta za stesheni za treni, kubwa kuliko mlango wa kanisa letu, na nilikuwa mzuri, msidanganywe na haya magoti ya sasa. Mnachotaka kujua ni kwa nini niliacha wakati gundi ya bango haijakauka. Wapo wanaosema mwanaume. Wapo wanaosema koo liliota kitu. Koo langu ni zima, muulizeni mchungaji, analisikia kila Jumapili nikimkatalia mapambio yake ya mbio mbio. Niliacha kwa ajili ya mdogo wangu Ambokile, nisije nikampoteza, na nitafika huko. Ila kwanza mjue kazi, maana naona mnapiga kelele tu.

Kazi nilifundishwa na Bi Mwanaidi. Huyu alikuwa binti wa fundi cherehani pale Tukuyu mjini, watu wa pwani waliofuata biashara ya nguo wakaishia kuizoea mvua. Alikuwa ameimba taarabu kabla sijaota meno ya mbele. Tulikutana kwenye bendi ya hoteli moja Mbeya, yeye mwimbaji mkubwa, mimi msichana wa kwaya ya Ikuti, darasa la nne, nyayo pana, sauti kama tarumbeta. Siku ya kwanza alinisikiliza mpaka mwisho, akafuta miwani yake, akasema, "Mwanangu, unaimba kama mtu anayeita ng'ombe ng'ambo ya bonde. Ni vizuri. Sasa ng'ombe wameshafika, punguza."

Alinifundisha kwamba maikrofoni siyo hindi la kuchoma, usiisukume mdomoni. Ukipanda juu irudishe nyuma kidogo, ukinong'ona isogeze. Usiende nayo mbele ya spika, italia kama nguruwe aliyekanyagwa mkia. Maji ya barafu usinywe hata wakikuletea kwenye sinia kwa heshima. Sweta na kitambaa cha shingo usivue mpaka jina lako litajwe, kwa sababu baridi ya nyuma ya jukwaa inakaba koo kimya kimya, unagundua umeshafungua mdomo. Na makofi. Wazungu wa kule wanapiga makofi mguu unapotua, sisi tunapiga unapoinuka. Mwanzoni niligombana nao. Nikapotea mimi, wakaendelea wao, na mpiga ngoma wetu akawafuata kwa kuwa walikuwa wengi. Bi Mwanaidi akanivuta pembeni. "Waache watue," akasema. "Wewe inuka katikati yao. Watadhani ndivyo walivyokusudia."

Lakini alilonifundisha likaingia mifupani ni kwamba usiwaimbie watu wa mbele. Wa mbele watakupata tu. Tafuta mtu wa nyuma kabisa, aliyekaa mahali pabaya, umuimbie huyo. Sauti ikimfika yeye imeshawapitia wote. Mpaka leo nikiingia ukumbi wowote macho yangu yanakimbilia kiti cha mwisho.

Aliyetupeleka Ulaya alikuwa promota Mjerumani, Bwana Klausi, mrefu, mpole, mwenye tabia ya kukushika bega wakati anakukatalia kitu. Alikuja Mbeya ruksa ilipoanza, akasikiliza bendi zote, akatuchagua mimi na Bi Mwanaidi na wapiga ngoma wetu. Kule alinivalisha ngozi ya chui ya plastiki, akanipeleka kupigwa picha kwenye nyumba ya vioo iliyojaa mchanga na miti ya miiba, akaniambia nijisikie nyumbani. Nikamwambia Bi Mwanaidi, yeye ndiye aliyeshika Kijerumani haraka, alikishika sokoni, "Mwambie kwetu mvua hainyeshi, inahamia. Mwambie tunazaliwa na sweta. Mwambie kwetu ukiacha kiatu nje kinaota uyoga." Bi Mwanaidi akamwambia yote. Bwana Klausi akacheka, akanishika bega, akasema nitabasamu. Bango likatoka limeandikwa Malkia wa Kilimanjaro. Huo mlima sijauona mpaka leo.

Hayo ndiyo ya kuchekesha. Sasa sikilizeni ya bibi yangu.

Bibi mzaa mama, hapa hapa Ikuti, ndiye aliyekuwa anaongoza kilio. Mnajua misiba ya kwetu, wanaume wanapiga ngoma nje, wanawake ndani na marehemu wanalia, na kulia kule siyo kutoa machozi tu. Kuna mmoja anaongoza. Anaanza chini, kwenye tumbo, sauti haina maneno bado, halafu anataja jina. Bibi alinibeba misibani tangu natambaa, ndiko nilikotoa sauti hii, siyo kwenye kwaya. Alikuwa mkali kuhusu jina. Kilio bila jina, alisema, ni ng'ombe aliyekatika kamba, kitaingia shamba la yeyote. Ukishataja jina unamsimulia yule mtu maisha yake, alivyotembea, alichopenda kula, alivyocheka, ili alipo ajijue kwamba ni yeye anayeliliwa na si mwingine. Mwisho unamuaga. Unasema, "Nenda, umefika," na wanawake wote wananyamaza kwa pamoja. Usipomuaga, alisema bibi, anabaki amesimama mlangoni, na mlangoni watu wanapita.

Bibi alikufa nikiwa Ulaya. Habari ilinifika mchana, kwa simu, tukiwa tunajiandaa kwa onyesho la watoto wa shule. Nikajifungia chumba cha kuvalia nikamlilia, jina lake, maisha yake, nikamuaga kama alivyonifundisha. Nilipofungua mlango Bwana Klausi alikuwa amesimama hapo, uso mweupe zaidi ya kawaida yake.

"Hicho ni nini?" akauliza.

"Msiba," Bi Mwanaidi akamjibu. "Kafiwa. Mpe mtu kiti."

Hakunipa kiti. Alinishika bega. Msimu uliofuata alikuwa ametunga onyesho zima kuhusu mazishi ya Afrika, katika ukumbi wa zamani wa mji mmoja wa bandari, kaskazini. Jeneza katikati ya jukwaa, jeusi, linang'aa kama gari. Mimi nilie juu yake, kisha ngoma ziingie na wachezaji, watu wapige makofi.

"Ndani kuna nani?" nikamuuliza.

"Hakuna mtu. Tupu."

"Basi nani amekufa?"

Bi Mwanaidi akatafsiri. Bwana Klausi akafikiri, akasema, "Mtu yeyote."

Bi Mwanaidi alinigeukia. "Mwanangu, mimi kwetu tulifundishwa maiti haliliwi kwa makelele. Kwa hiyo sina la kukushauri. Ila hili jeneza silipendi, linaonyesha sura kama kioo."

Mkataba ulikuwa wa onyesho hilo, na karatasi zangu za kuishi kule zilining'inia kwenye mkataba. Nikakaa nikawaza, nikajiona nina akili. Jina la marehemu yeyote siwezi kulitumia, ameshaagwa, utamwamshaje. Jina la mtu aliye hai ndiyo kabisa. Basi nikaunda jina la mtu ambaye hajawahi kuzaliwa. Lina mlio wa kwetu, lakini hakuna ukoo wenye jina hilo, wilaya yetu ya Rungwe nzima. Silitaji hapa hata kwa maandishi. Nikamlilia huyo.

Sasa kilio kinataka maisha, na maisha ya mtu huwezi kuyaokota hewani. Nilifungua mdomo siku ya kwanza sina kitu cha kusema juu yake. Nikasema kilichokuwa karibu. Nikasema alikuwa anachechemea.

Anayechechemea alikuwa Ambokile. Alianguka utotoni akikata kuni, mguu wa kulia ukaunga vibaya. Alikuwa analima kahawa Masoko, kwenye shamba la baba, na mimi nilikuwa nimemkumbuka, ndiyo hivyo tu, mtu akikumbuka nyumbani anatoa alicho nacho. Ukumbi ulitulia mpaka nikasikia taa zinavyovuma. Siku nyingine nikaongeza kwamba alipiga mluzi akichuma kahawa. Nyingine, kwamba hata sukari ilipojaa madukani yeye aliendelea kung'ata ndizi mbivu kwenye chai, akisema ulimi wake umeshaoa. Kwamba ng'ombe wake alimkamua kwa kumuimbia. Kila onyesho yule mtu wangu alipata nyama kidogo. Na kila onyesho, nikikaribia kumuaga, ngoma zilipasuka, wachezaji wakaingia, taa zikageuka rangi, watu wakasimama kwa makofi. Sikuwahi kusema yale maneno ya mwisho. Bwana Klausi hakuyahitaji, alisema yanapoza.

Ule ukumbi ulikuwa na roshani ya juu iliyofungwa, mbao zake zimeoza. Viti vilikuwepo, watu hawakuruhusiwa. Mimi nikaimbia roshani, maana ndiko kiti cha mwisho kilikokuwa. Ndivyo nilivyofundishwa.

Kulikuwa na mama mmoja mzee aliyekuwa akiwakatia watu tiketi mlangoni, tulizoea kusalimiana naye kwa mikono. Alasiri moja alitusimamisha, akaongea na Bi Mwanaidi kwa muda. Bi Mwanaidi akawa anaitikia, anaitikia, halafu akaacha kuitikia.

"Anasemaje?" nikauliza.

"Anauliza kama yule bwana ni ndugu yako."

"Bwana gani?"

"Anayekaa juu. Anasema amemwambia mara nyingi mbao zimeoza. Hamjibu, anainamisha kichwa kama wewe unavyoinamisha. Halafu kabla taa hazijawaka anashuka ngazi." Bi Mwanaidi akatazama viatu vyake. "Anasema anachechemea."

"Muulize kama ana tiketi," nikasema. Sijui kwa nini nilisema hivyo.

Akamuuliza. Yule mama akatikisa kichwa, akatuita tumfuate. Ngazi za roshani zilikuwa za mawe. Nje palikuwa pakavu, baridi kavu ile ya kupasua midomo, wala mvua wala theluji. Ngazi zilikuwa na maji. Nyayo za mguu mtupu, mmoja umetua wote, mwingine umeburutwa. Nikainama nikagusa maji yale nikayanusa. Yalinuka shamba letu la Masoko baada ya mvua, majani ya kahawa na udongo mweusi. Bi Mwanaidi alinishika kiuno akanishusha.

Simu ya nyumbani ilikuwa dukani kwa kaka yake Bi Mwanaidi, pale Tukuyu, duka la vitambaa. Mama yangu alikuwa anakuja siku ya soko kunisubiri. Nikapiga. Mama alikuwa na furaha kuliko siku zote.

"Mwanangu, Mungu mkubwa. Ambokile amepona mguu."

"Amepona vipi?"

"Ameamka tu, hachechemei. Anatembea kama mjumbe wa serikali. Mchungaji amemtaja kanisani."

Nikamwambia ndaga, ndiyo asante ya kwetu, nikamshukuru Mungu pamoja naye, nikaweka simu chini, na mkono wangu ulikuwa umeloa.

Soko jingine nikapiga tena. "Mdogo wangu anaendeleaje?"

"Mzima. Ila yule ng'ombe wake mjinga amemkataa. Hatoi maziwa, anamtazama kama mgeni. Nakamua mimi."

"Anapiga mluzi?"

"Unajua, sijamsikia. Hata chai yake sasa anakunywa na sukari, tena nyingi. Nimemuuliza, na ile ndizi yako? Akaniuliza, ndizi gani?"

Wajukuu zangu, mimi siyo mtu wa kuogopa. Nimeimba kwenye meli inayopigwa na mawimbi, abiria wanatapika, nikamaliza wimbo. Lakini siku ile nilikaa kwenye kibanda cha simu mpaka mtu wa nje akagonga kioo.

Nikaacha kumwongezea. Nikasema sitampa tena kitu, nitazungusha sauti tu bila maneno. Onyesho lile nikaanza, nikataja jina, nikanuia kunyamaza hapo. Mdomo wangu ukaendelea. Ukasema yule mtu ana kovu chini ya kidevu, ng'ombe alimpiga pembe mwaka wa mvua kubwa. Mimi sikujua habari ya kovu lolote. Nilitazama juu. Kiti cha mwisho cha roshani kilikuwa na mtu, ameinamisha kichwa, anasikiliza kama watu wanavyosikiliza wakisomewa jina lao.

Soko lililofuata nilimuuliza mama, "Ambokile aliwahi kupigwa pembe?"

"Ndiyo, ulikuwa umeshaondoka. Hapa kidevuni. Hatukukwambia usije ukawa na wasiwasi." Nikasikia pumzi yake kwenye waya. "Ajabu, jana alikuwa ananyoa, nikamtazama kidevu. Hakuna kitu. Laini kama cha mtoto. Wewe nani amekwambia?"

Bi Mwanaidi alikuwa amesimama karibu yangu, amesikia. Alivua miwani hakuifuta.

"Kilichobaki kwa yule kijana ni nini?" akauliza.

"Jina lake," nikasema. "Na kicheko chake sijakitaja."

"Basi funga mdomo wako, mwanangu. Ufunge kwa kamba."

Najua mnavyonisema. Mnasema bibi ana sauti lakini kwenye misiba anakaa kimya kama jiwe, anasubiri chakula. Semeni tu. Ambokile mnamjua, babu yenu huyo, anachechemea mpaka leo kutoka Masoko kuja kunisalimia, na mkimsikia anavyoburuta mguu barabarani mnamcheka. Mimi nikiusikia ule mguu mbovu natoka nje kuupokea. Ng'ombe alimrudia. Mluzi ulimrudia, tena mbaya, hajui kuubadilisha. Yule wa kule kwenye roshani simjui alikoishia. Sikumuaga, kwa hiyo sina la kusema kwamba ameondoka. Kuna siku mvua inanyesha hapa Ikuti, nakuta maji kwenye kizingiti upande ambao mvua haipigi. Nafuta kwa kitambaa, naendelea na kazi zangu.

Basi, siku niliyoacha ilikuwa hivi. Watu wa televisheni walikuwa wanakuja kupiga picha onyesho zima, lionyeshwe nchi nyingi kwa pamoja. Bwana Klausi alituita mazoezi ya adhuhuri. Ukumbi mtupu, taa za kawaida, mafagio yameegemea viti, jeneza lake linang'aa katikati. Alikuwa amechangamka, anatembea jukwaani kwa hatua ndefu.

"Nimewaza," akasema, na Bi Mwanaidi akawa anatafsiri. "Televisheni inataka mwisho. Hatuwezi kumkatisha kwa ngoma. Uliniambia siku ile kuna maneno ya kumuaga. Uyaseme. Utamsimulia yote, utamaliza na anavyocheka, watu wapende anavyocheka, halafu unamuaga, tunazima taa zote."

Nilimtazama Bi Mwanaidi. "Amesema anavyocheka?"

"Amesema anavyocheka."

"Wewe ulimwambia habari ya kicheko?"

"Mimi? Sijamwambia hata salamu za asubuhi."

Nikamuuliza Bwana Klausi nani amempa wazo hilo. Akakunja uso kama mtu anayetafuta ufunguo mifukoni. Akasema hajui, limemjia akiwa anashuka ngazi.

Kisha akaja akanishika bega. Akasema kwa upole kwamba baada ya televisheni kila mji utanitaka, nitaimba mpaka nichoke mwenyewe, jina langu litakuwa juu peke yake bila mlima wa mtu mwingine. Na kwamba nisipofanya, mkataba umeishia hapo, na mkataba ukiisha na karatasi zimeisha, nitarudi nyumbani na ile ngozi ya plastiki. Alisema kweli yote. Hakuwa mtu mbaya. Nilikuwa nayataka yale aliyoyasema, msije mkadhani sikuyataka. Niliutaka ule umati kama mlevi anavyotaka pombe. Jukwaa lile nililijua kwa nyayo zangu, najua ubao upi unalia.

Bi Mwanaidi alimaliza kutafsiri, kisha akaongeza ya kwake, kwa sauti ndogo. "Mwanangu, mimi nitarudi na wewe. Nimechoka viazi."

Nikasogea mbele ya jeneza. Niliona uso wangu kwenye rangi yake nyeusi, na nyuma ya uso wangu roshani yote imepinduka, na kiti cha mwisho. Nikageuka nisiangalie. Nikamwambia Bwana Klausi kwa Kiswahili, taratibu, neno kwa neno, ili hata asiyejua lugha aelewe:

"Mimi simuagi mtu ambaye hajafa."

Bi Mwanaidi hakutafsiri. Hapakuwa na haja. Bwana Klausi alitoa mkono wake begani kwangu, akainua uso akatazama juu, na Bi Mwanaidi naye akatazama juu, wakati huo huo, kama watu walioitwa.

Mbao zilizooza zililia. Mguu mmoja ukatua, mwingine ukaburutwa, mpaka kwenye ukingo wa roshani. Maji yakaanza kudondoka kwenye viti vya chini, polepole, kama paa la kwetu linavyodondoka mvua ikishapita. Ikaja sauti ya mdogo wangu. Siyo inayofanana. Ni yake, na Kinyakyusa chetu cha nyumbani, na ule uchovu wake wa jioni akitoka shamba.

"Dada, nimesimama muda mrefu. Niage nikapumzike."

Machozi yalinitoka, hilo siwafichi. Nilikuwa nimemlea kijana yule mgongoni. Nilimtazama aliyekuwa pale juu, mtu wa nyuma kabisa, aliyekaa mahali pabaya, nikampandishia sauti mpaka imfikie.

"Mimi simuagi mtu ambaye hajafa."